Shinya Tsukamoto hakuibuka ghafla

Kwa miaka mingi imeenea dhana kwamba Shinya Tsukamoto, mwongozaji na mhariri huru wa filamu wa Japani, aliibuka ghafla mwaka 1989 kwa filamu yake Tetsuo. Dhana hiyo si sahihi, tena inalifuta jasho lake la miaka mingi. Mzaliwa huyu wa Tokyo alianza kupiga filamu kwa mkanda mwembamba wa milimita 8 akiwa na miaka 14, baadaye akaongoza kikundi cha maigizo na kutengeneza matangazo ya biashara. Filamu yake ya mvulana mwenye nguzo ya umeme mgongoni ilitwaa tuzo kuu ya tamasha la filamu la Japani liitwalo Pia mwaka 1988. Na ile mbinu ya kupiga picha moja moja na kuziunganisha, inayofanya chuma kionekane kikiota mwilini katika Tetsuo, tayari alikuwa ameitumia katika filamu hiyo ya mvulana.