Sinema zilipoanza kuongea, wachekeshaji wa kimya walienda wapi?
Watu wengi wanaamini waigizaji wa komedi za kimya kule Marekani walikosa kazi sauti ilipoingia, kuanzia 1927 hivi, kisa sauti zao zilikuwa mbaya. Wapo yaliyowakuta hayo, sikatai, ila wale wadogo wadogo, yule mnene anayepigwa keki usoni na jina lake hulijui, mambo yao yalikuwa mengine kabisa. Wao walikula kwa filamu fupi za rili mbili (rili ni gurudumu la mkanda wa filamu), dakika 20 hivi, halafu mdororo wa uchumi wa 1929 ukaja, na miaka ya 1930 majumba mengi ya sinema yakawa yanaonyesha filamu ndefu mbili kwa tiketi moja, fupi zikakosa nafasi. Na wengine wala hawakuondoka, waligeuka waandishi wa vichekesho, au unamwona sekunde tano tu kabeba mabegi hotelini na jina halijaandikwa popote. Tena filamu nyingi za kimya zenyewe zimepotea, zile za mkanda wa nitreti, mkanda wa zamani wa filamu, zinaoza na kuwaka kirahisi, ndo maana inaonekana kama mchekeshaji mwenyewe ndo alipotea.

Ukitaka kucheki mwenyewe, chukua orodha ya kazi za mchekeshaji unayemtafuta uangalie baada ya 1930 kuna nini, kisha tafuta jina lake kwenye magazeti ya enzi hizo yaliyoskaniwa, mengi yapo bure mtandaoni.