Kondoo wa Port Talbot: tunayoyakosea kuhusu Geoffrey Howe

Mtaje Geoffrey Howe, mwanasiasa wa Uingereza wa chama cha Conservative, mbele ya mtu aliyekuwa akisikiliza taarifa za habari za redio miaka ya 1980, utaambiwa mambo mawili: ni yule mzee wa sauti ya kusinzisha, na ni yule aliyemgeuka bosi wake, Waziri Mkuu Margaret Thatcher. Yote mawili yana chembe ya ukweli, na ndiyo maana ni magumu kung'oka.

"Alikuwa bwana mkubwa wa Kiingereza."

Alikuwa mtu wa Wales. Alizaliwa tarehe 20 Desemba 1926 huko Port Talbot, mji wa bandari na viwanda vya chuma. Ni kweli alisomea Winchester, shule ya watoto wa wenye nacho, kisha sheria Cambridge. Lakini jimbo la kwanza aliloliomba kura ni Aberavon, nyumbani kabisa, ngome ya wapinzani wake, chama cha Labour. Aligombea mwaka 1955 akashindwa, akarudi 1959 akashindwa tena.

"Baba wakili, mwana wakili, kazi ni ileile."

Kosa hili ni letu zaidi, kwa sababu kwetu wakili ni wakili: anaandika mkataba asubuhi, mchana yuko mbele ya hakimu. England na Wales kazi hizo zimegawanywa. Baba yake alikuwa wakili wa ofisini, anayepokea wateja na kuandaa nyaraka, na pia mchunguzi wa vifo vyenye utata. Mwana alikuwa wa upande wa pili, wale wa joho na wigi wanaosimama kutetea hoja mahakamani. Aliingia rasmi mwaka 1952, na 1965 akapewa cheo cha Wakili wa Malkia. Shikilia hilo la kusimama na kujenga hoja, maana tutalirudia.

"Wakili wa Conservative, mtetezi wa wakubwa."

Hapa ndipo ninapomheshimu zaidi, na ndipo anapokumbukwa kidogo zaidi. Mwaka 1967 gazeti moja lilichapisha madai ya mfanyakazi wa Ely, hospitali ya Cardiff iliyolaza watu wenye ulemavu wa akili: wagonjwa wanapigwa, chakula chao kinaibwa, na anayelalamika anaandamwa. Howe, ambaye ubunge alikuwa ameupoteza mwaka uliotangulia, akakabidhiwa kuongoza uchunguzi. Madai mengi yalithibitika. Ripoti ikawa ndefu, na wapo waliotaka itolewe muhtasari tu. Howe alishikilia ichapishwe nzima, na waziri wa Labour, Richard Crossman, akakubali. Ilitoka Machi 1969, na serikali ikaunda chombo cha kukagua hospitali za namna hiyo. Watu waliofungiwa mle hawakuwa na kura ya kumpa.

"Afrika aliijua kwenye ramani tu."

Akiwa kijana wa jeshini, katika kikosi cha mawasiliano, alipelekwa Afrika Mashariki. Alipanda Kilimanjaro. Na kwa maelezo yake mwenyewe, alikuwa akiwahutubia askari Waafrika kwa Kiswahili, akiwaasa wajiepushe na ukomunisti na wabaki watiifu kwa "Bwana Kingy George". Kwa hiyo lugha yetu aliijua, ingawa aliitumia kuuza bidhaa ambayo wasikilizaji wake hawakuiagiza.

Mwaka 1986 Afrika ilimpokea kwa namna nyingine. Thatcher alikuwa amekataa kuiwekea Afrika Kusini vikwazo vikali, na Howe, wakati huo Waziri wa Mambo ya Nje, akatumwa kwa niaba ya nchi za Jumuiya ya Ulaya kwenda kuzungumza. Safari yenyewe hakuifurahia. Huko Lusaka Rais Kenneth Kaunda alimkaripia mbele ya kamera, na huko Pretoria Rais P. W. Botha naye akamwonyesha ubaridi wa wazi. Amebeba lawama za bosi wake kwa pande zote mbili, na bado akarudi kazini kimya kimya.

"Alikuwa dhaifu, hata Healey alisema."

Mwaka 1978 Denis Healey wa Labour aliliambia Bunge kwamba kushambuliwa na Howe ni kama kushambuliwa na kondoo aliyekufa. Bunge likacheka, na utani ukamganda maisha yote. Lakini tazama kondoo huyo alifanya nini alipokuwa Waziri wa Fedha. Bajeti yake ya kwanza, Juni 1979, ilishusha kodi ya juu ya mapato kutoka asilimia 83 hadi 60, na kupandisha VAT hadi asilimia 15. Oktoba mwaka huohuo alifuta udhibiti wa fedha za kigeni. Mwaka 1981, uchumi ukiwa umelala, akapandisha kodi, na wanauchumi 364 wakaandika barua ya kumpinga katika gazeti la The Times. Hakurudi nyuma. Wasio na kazi walipita milioni 3 mwanzoni mwa 1982. Unaweza kuzichukia sera hizo, na Port Talbot wapo wengi wa kukusaidia kuzichukia, lakini si kazi ya mtu legelege. Uthatcher wenyewe, kwa nusu yake, ni mwandiko wa Howe.

"Alimgeuka Thatcher ghafla, na hotuba moja ikamwangusha."

Ghafla? Walikuwa wakivutana kuhusu Ulaya kwa miaka. Julai 1989 Thatcher alimwondoa Howe Mambo ya Nje akampa unaibu waziri mkuu, cheo chenye jina kubwa kuliko kazi yake. Mwishoni mwa Oktoba 1990 Thatcher alisimama bungeni akaipinga mipango ya Ulaya kwa "hapana" tatu mfululizo; tarehe 1 Novemba Howe akajiuzulu.

Hotuba yake ya tarehe 13 ilisomwa kwa sauti ileile ya kusinzisha, kama wakili anayemsomea jaji vielelezo. Alisema kufanya mazungumzo na Ulaya chini ya Thatcher ni sawa na kuingia uwanjani kupiga kriketi, ukagundua vibao vya kupigia mpira vimevunjwa na nahodha wako kabla ya mchezo. Mwisho akawaambia wenzake kwamba wakati umefika na wao wajiamulie. Kamera zilikuwa zimeruhusiwa bungeni mwaka mmoja tu nyuma, kwa hiyo nchi nzima ilimwona.

Lakini hotuba haikupiga kura. Kesho yake Michael Heseltine alitangaza kugombea uongozi wa chama, na wabunge tayari walikuwa na hasira ya kodi ya kichwa. Tarehe 20 Thatcher alipata kura 204 dhidi ya 152: aliongoza, ila kwa kanuni za chama alipungukiwa kura 4 za kumaliza mchezo raundi ya kwanza. Siku mbili baadaye akatangaza kuondoka.

Kuna pia wanaosema hotuba iliandikwa na mkewe, Elspeth. Chanzo ni utani wa wakati ule: kwamba mke aliiandika kwa dakika kumi, mume akachukua miaka kumi kuisoma. Utani mtamu, basi.

Mwaka 1992 aliingia Baraza la Malodi. Surrey, huko England, ilikuwa imemchagua kuwa mbunge kwa zaidi ya miaka 20, na jina la cheo angeweza kulichukua huko. Akajiita Lodi Howe wa Aberavon, jimbo lililomkataa mara mbili.