Zana ya Kusasisha Ikidai DLL, Usiipakue Peke Yake

Mtu anapakua kifurushi cha zana za Android ili asasishe simu yake kupitia kompyuta. Anafungua folda, anaona mafaili kadhaa, anachukua lile moja analolifahamu kwa jina, adb.exe, analinakili kwenye flashi na kuyaacha mengine. Kwenye kompyuta ya pili anabofya mara mbili, na badala ya zana kufunguka kinachomoza kisanduku: programu haiwezi kuendelea kwa sababu AdbWinApi.dll haikupatikana. Basi anatafuta jina hilo kwenye intaneti, anaangukia tovuti inayogawa DLL moja moja bure, anapakua, anaitumbukiza kwenye folda ya System32, ambamo Windows huweka mafaili yake, na kujaribu tena. Sasa zana inadai AdbWinUsbApi.dll. Anarudi kwenye tovuti ile ile.

Sisi wa kitengo cha msaada wa kiufundi huletewa kompyuta hiyo baada ya safari ya tatu au ya nne. Na mafaili yote aliyokuwa akiyahangaikia yalikuwamo kwenye folda aliyoanza nayo, kando ya adb.exe, tena kwa toleo linaloendana nayo.

DLL ni faili la maktaba ya programu. Ndani yake mna kazi zilizokwisha kuandikwa zikisubiri kuitwa: jinsi ya kuchora dirisha, kufungua faili, kuzungumza na kifaa kilichochomekwa kwenye USB. Programu haibebi kazi hizo yenyewe, inaziomba. Mpango huu umo katika Windows tangu toleo la kwanza la mwaka 1985, enzi ambazo kumbukumbu ya kompyuta ilikuwa haba na hapakuwa na sababu ya programu tano kubeba nakala tano za kazi moja. Kwa umbo, DLL na exe ni ndugu wa tumbo moja. Ukifungua lolote kati yake kwa Notepad utakuta vurugu ya alama zisizosomeka, ila herufi mbili za mwanzo zinasomeka vizuri kabisa: MZ. Ni herufi za jina la Mark Zbikowski, mhandisi wa Microsoft wa zama za DOS, mfumo uliotangulia Windows. Tofauti yao ni kwamba exe ndiyo unayoianzisha wewe, na DLL hungoja kuitwa na mwingine.

Zana ya kusasisha huita DLL nyingi kuliko unavyodhani, na ni vizuri kujua zinatoka wapi, maana tiba hutegemea asili. Zipo za Windows yenyewe: setupapi.dll inayoshughulikia usakinishaji wa viendeshi, yaani programu zinazoiwezesha Windows kuzungumza na vifaa, winhttp.dll inayovuta mafaili kutoka kwenye mtandao, wintrust.dll inayokagua saini za kidijitali. Zipo zinazokuja na zana, kama hizo mbili za Android, au libusb-1.0.dll ambayo utaikuta kwenye zana nyingi za kuandika programu dhibiti, yaani ile programu inayokaa ndani ya kifaa chenyewe na kukiendesha. Kundi la tatu ndilo linalosumbua watu zaidi: vcruntime140.dll, msvcp140.dll na wenzao. Hizi si za Windows moja kwa moja wala si za zana. Huja kwa kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, ambacho mwandishi wa zana alidhani unacho tayari.

Windows ikihitaji DLL haipekui diski nzima. Ukiacha orodha fupi ya DLL za mfumo ambazo mahali pake pamekwisha wekwa, huanza na folda ile ile ilimo programu, kisha System32, kisha folda nyingine chache kwa utaratibu maalumu. Kanuni hii moja inaeleza mikasa mingi. Inaeleza adb.exe iliyohamishwa peke yake. Inaeleza pia kisa kingine tunachokutana nacho kila mara: mtu anafungua faili la zip, anabofya zana humo humo bila kukifumua kifurushi kwanza. Windows huitoa ile exe moja tu na kuiweka kwenye folda ya muda, halafu inaanza kuitafutia DLL zake huko, na huko hazipo. Mtumiaji anaapa kwamba anaziona kwa macho yake. Anaziona kweli, ila zimo ndani ya zip.

Kanuni hiyo hiyo ni mlango wa wezi. Ikiwa programu husoma kwanza folda yake, basi anayeweza kupenyeza DLL yenye jina sahihi kwenye folda hiyo ameingiza msimbo wake bila kubisha hodi. Version.dll ni jina linalopendwa sana kwa hila hiyo. Mwezi Agosti 2010 Microsoft ilitoa tahadhari rasmi kuhusu udhaifu wa aina hii, na bado haujaisha. Sasa fikiria folda yako ya vipakuliwa ilivyo: takataka za miezi, vitu vilivyojipakua bila wewe kujua, na katikati yake unaendesha zana ya kusasisha, tena kwa mamlaka ya msimamizi wa kompyuta. Tengeneza folda tupu, ufumue kifurushi humo, uendeshe zana kutoka humo. Ni dakika moja.

Suala la biti nalo linachanganya hata mafundi. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na yale ya biti 32 yamo SysWOW64. Ndiyo, majina yamekaa kinyume. Yaliachwa hivyo ili programu za zamani zisivunjike. Mwenye kutumbukiza DLL ya biti 32 kwenye System32 kwa ajili ya zana ya biti 64 huona hitilafu ikibadilika kutoka faili halikupatikana hadi namba 0xc000007b, akadhani amepiga hatua. Zana sasa imeipata DLL, ila ni ya aina isiyoweza kupakiwa.

Zamani hali ilikuwa mbaya zaidi. Katika miaka ya 1990 kisakinishi chochote kingeweza kufuta DLL mpya ya mfumo na kuweka ya zamani, na programu nyingine zikaanguka bila kosa lake. Windows 2000 ikaanza kuyalinda mafaili ya mfumo, Windows XP ikaleta folda ya WinSxS inayoruhusu matoleo kadhaa ya DLL moja kukaa pamoja, na tangu Vista mafaili mengi ya mfumo yanamilikiwa na TrustedInstaller, huduma ya Windows yenyewe, hata msimamizi wa kompyuta hayagusi kirahisi. Ukikutana na kizuizi hicho na mafunzo ya video yanakuelekeza namna ya kujimilikisha faili ili ulibadilishe, funga video.

Kwenye programu dhibiti, makosa haya yana gharama ya aina nyingine. DLL nyingi huorodheshwa ndani ya exe, na Windows huzipakia zote kabla zana haijaanza kufanya lolote. Ikikosekana moja, zana haianzi, na kifaa chako hakijaguswa. Huo ujumbe unaokukera ndio uliokulinda. Ila zana inaweza pia kuita DLL baadaye, katikati ya kazi, ikifika hatua inayoihitaji. Hapo DLL ya toleo lisilolingana ni hatari kuliko DLL isiyokuwapo, kwa sababu zana inaweza kufuta programu dhibiti ya zamani vizuri kabisa, halafu ikaanguka kabla ya kuandika mpya. Kifaa kinabaki bila kitu cha kukiwasha. Kwa ubao mama wa kompyuta au ruta, huenda fundi akahitaji kuandika chipu yenyewe kwa kifaa maalumu, na si kila fundi anacho.

Ndiyo maana kabla ya kusasisha programu dhibiti tunasisitiza mambo ambayo wengine huyaona ya kizee: chaja imechomekwa, kebo haichezi, programu nyingine zimefungwa. Na kama diski imefungwa kwa BitLocker, kinga ya Windows inayosimba diski, isitishe kwa muda kupitia mipangilio yake kabla ya kusasisha BIOS, yaani programu dhibiti ya ubao mama, au angalau hakikisha ufunguo wa urejeshaji unao mkononi. Sasisho la BIOS hubadilisha vipimo ambavyo BitLocker hutegemea, nayo inaweza kukudai tarakimu 48 za ufunguo huo utakapowasha.

Programu ya kuzuia virusi ikiiondoa DLL ya zana, usikimbilie kuizima. Zana zinazoandika vifaa hufanya mambo yanayofanana na ya virusi, kwa hiyo kengele za uongo zipo. Za kweli zipo pia. Kagua saini: kwenye PowerShell, dirisha la amri la Windows, andika Get-AuthenticodeSignature ikifuatiwa na jina la faili. Watu wengi hubofya sifa za faili na kutafuta kichupo cha saini, wasipokiona wanapiga kelele. DLL nyingi halali za Windows hazina kichupo hicho, kwa kuwa saini yake imehifadhiwa kwenye katalogi ya mfumo. Amri hiyo hukagua pande zote mbili.

Hata hivyo saini inakwambia nani ametia muhuri, haikwambii alikuwa salama alipoutia. Mwezi Desemba 2020 iligundulika kwamba SolarWinds.Orion.Core.BusinessLayer.dll, DLL iliyosambazwa kwa masasisho rasmi ya Orion, programu ya kampuni ya SolarWinds ya kusimamia mitandao, ilikuwa imepandikizwa msimbo wa kijasusi kabla ya kutiwa saini. Saini ilikuwa halali. Wateja waliopokea masasisho hayo walikadiriwa kufikia 18,000.

Basi zana ikidai DLL, soma jina mpaka mwisho. Kama ni ya zana, futa folda, pakua upya kutoka kwa mtengenezaji, fumua kifurushi chote. Kama inaanza na vcruntime au msvcp, sakinisha kifurushi cha Visual C++ kutoka tovuti ya Microsoft, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64) vyote viwili, kwani zana ya biti 32 hutaka cha kwanza hata kama kompyuta yako ni ya biti 64. Kama ni ya Windows, fungua dirisha la amri kwa mamlaka ya msimamizi, endesha amri ya kukarabati Windows, DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, ikimaliza endesha sfc /scannow, inayorejesha mafaili ya mfumo. Na regsvr32, amri ya kusajili DLL, iache. Inafaa kwa DLL za aina fulani tu zilizoandikwa kujisajili, na kwa AdbWinApi.dll haitafanya kitu zaidi ya kulalamika.

Baada ya hapo washa kompyuta upya. DLL inayotumika haiwezi kubadilishwa papo hapo, kwa hiyo kisakinishi huandika agizo kwenye rejista, hifadhi ya mipangilio ya Windows, chini ya PendingFileRenameOperations, na Windows hulitekeleza inapowaka kabla ya programu nyingine kuamka. Kuzima na kuwasha si sawa na kuwasha upya: ikiwa uwashaji wa haraka umewezeshwa, kiini cha mfumo hulazwa tu, na agizo linabaki likisubiri. Chagua kuwasha upya kwenye menyu.

Yule wa flashi naye ana kazi iliyobaki. Sfc hurejesha mafaili yanayolindwa, haiondoi mgeni aliyeingizwa System32, kwa hiyo zile DLL alizozitumbukiza zitakaa humo miaka, na siku programu nyingine ikikosa yake kwenye folda yake itachukua hizo. Apange folda ya System32 kwa tarehe, azipate, azihamishie kwingine bila kuzifuta kwanza, awashe upya. Kama siku chache zikipita bila programu yoyote kulalamika, ndipo azifute, kisha apitishe ukaguzi kamili wa virusi.