Kovu la kuungua mkono haliandikwi T23

"Si aliungua? Mwandikie T23." Kauli hiyo imezoeleka kwa wanaojaza misimbo ya magonjwa, ambamo T23 ni ya kuungua kiganja na kifundo cha mkono, nayo hupotosha takwimu.

Chukua mama wa Newala anayebangua korosho kwa mkono. Mafuta ya ganda yalimrukia miaka 2 iliyopita. Kidonda kilishafunga, lakini vidole viwili vimejikunja kuelekea kiganjani na mpini wa jembe haushikiki. Hajaja kutibiwa kuungua. Kaja kwa ajili ya vidole.

Katika ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani (WHO), T23 ni ya jeraha lenyewe la kiganja na kifundo cha mkono, liwe la moto au la kemikali. (Mafuta ya korosho huunguza hata yakiwa ya baridi, wabanguaji wanalijua hilo.) Kwa mama huyu linatangulia tatizo alilonalo leo: M24.5 ikiwa kiungo kimekakamaa, au L91.0 ikiwa shida ni kovu lililovimba. Ndipo huongezwa T95.2, yaani madhara ya baadaye ya kuungua mkono. Msimbo huo hubeba mkono mzima, kuanzia bega, kwa hiyo usiutegemee kueleza kwamba ni vidole.

Ni "ya baadaye" endapo daktari ameandika hivyo, au hali ipo mwaka 1 au zaidi tangu ajali.

Mkanganyiko mwingine unatoka Marekani. Toleo lao halina T95: wao hubaki na T23 na kuweka herufi S mwishoni. Mifano mingi ya mtandaoni ni ya kwao.