Rais wa chuo aliyegeuka mbunge: yanayodhaniwa na yalivyo

Mtajie Mtanzania "rais wa chuo", atamwona kijana wa mwaka wa tatu aliyeazima suti kugombea serikali ya wanafunzi. Mtajie "mbunge", ataona shangingi. Jack Scott wa California alikuwa rais wa chuo na mbunge, na picha zote mbili hazimkai. Alizaliwa Sweetwater, Texas, mwaka 1933, akasoma theolojia Yale, akachukua udaktari wa historia huko Claremont. Aliongoza vyuo viwili vya jamii (vyuo vya umma vya miaka miwili), Cypress na kisha Pasadena City College, kabla ya kuchaguliwa kuingia Bunge la California mwaka 1996. Nimemchagua yeye kwa sababu dhana nyingi kuhusu watu wa aina yake zinaangukia kwake.

Dhana: Rais wa chuo ndiye mwenye chuo.
Ni mwajiriwa. Juu yake ipo bodi ya wadhamini, ambayo Pasadena huchaguliwa na wapiga kura wa eneo lile, kama sisi tunavyochagua madiwani. Bodi ndiyo inayomwajiri, na ikimchoka inamwondoa. Juu ya bodi nako kuna mkono wa jimbo, maana sehemu kubwa ya fedha hutegemea bajeti inayopitishwa Sacramento, makao makuu ya California. Rais anaweza kupanga ratiba nzuri kuliko zote. Bunge likifunga mfuko, masomo yanafutwa. Kwa mtu aliyekalia kiti hicho Pasadena tangu 1987 hadi 1995, kwenda bungeni kulikuwa kama kuhama jikoni kwenda sokoni.

Hapa tafsiri nayo inatuchanganya. Cheo alichomalizia nacho Scott kilikuwa cha kuongoza mfumo mzima wa vyuo vya jamii vya California, vyuo 112 wakati huo, na kwa Kiingereza huitwa "chancellor", jina lile lile ambalo sisi tunalitafsiri "mkuu wa chuo". Kwetu mkuu wa chuo, kama Jakaya Kikwete pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, huvaa joho na kutunuku shahada. Anayeshinda na mafaili ni makamu wake. California mafaili ni ya mkuu mwenyewe.

Dhana: Mbunge wa jimbo anakaa Washington.
Hapana. Kila jimbo la Marekani lina bunge lake. La California lina viti 80 katika bunge la chini na 40 katika Seneti, na linakutana Sacramento.

Dhana: Ukishaingia bungeni, umeula.
Inategemea jimbo. New Hampshire humlipa mbunge wake dola 100 kwa mwaka, fedha ambayo hata mafuta ya gari haimalizi. California inalipa mshahara kamili, lakini kura ya wananchi ya mwaka 1990 iliweka ukomo wa miaka sita bunge la chini na minane Seneti, ikafuta na pensheni ya wabunge. Wale wanaolalamikia kiinua mgongo cha wabunge wetu wangeipenda kura ile. Scott alitumikia miaka minne chini na minane juu. Mwaka 2008 muda ukaisha, akaondoka.

Wapo wanaodhani alikula mishahara miwili kwa pamoja. Chuo alikuwa amekiacha kabla ya kuchaguliwa. Shaka yenyewe, hata hivyo, haikutoka hewani: gazeti la Birmingham News lilipata tuzo ya Pulitzer mwaka 2007 kwa kufichua upendeleo na undugu katika vyuo vya miaka miwili vya Alabama, na baadhi ya wabunge wa huko walikuwa kwenye orodha ya malipo ya vyuo hivyo.

Dhana: Alikuwa mtu wa kuwapokonya watu bunduki.
Mwaka 1993 mwanawe aliuawa kwenye sherehe, bunduki ilipofyatuka kwa bahati mbaya. Baba wa namna hiyo angeweza kutaka silaha zote zitupwe baharini. Soma sheria alizoandika uone alichotaka. Ya mwaka 1999, aliyoshiriki kuiandika, ilidai kila bunduki inayouzwa iambatane na kifaa cha usalama, kwa mfano kufuli la kuzuia triga. Ya mwaka 2003 ilihusu bastola. Mtu huchomoa magazini (kasha la risasi), akaiona mkononi mwake, akaamini bastola ni tupu. Kumbe risasi moja imebaki kwenye chemba, na hiyo moja inatosha. Sheria ikataka bastola mpya za kujipakia ziwe na alama ya kuonyesha kwamba chemba ina kitu, na kizuizi kisichoruhusu risasi kutoka magazini ikiwa nje. Huyo ni mtu aliyeichunguza ajali kipande kwa kipande. Unaweza kumpinga, lakini mpinge kwa hayo aliyoyaandika.

Dhana: Chuo cha jamii ni cha waliofeli.
Mpango mkuu wa elimu wa California wa mwaka 1960 uliwaweka wanafunzi bora katika vyuo vikuu vya jimbo, na milango ya vyuo vya jamii ukaiacha wazi kwa yeyote anayeweza kunufaika. Mlango wazi hauchagui: Jackie Robinson alipitia Pasadena kabla ya kuvunja ubaguzi katika besiboli. Mwaka 2010, Scott akiwa mkuu wa mfumo, ilipitishwa sheria ya kumhakikishia aliyemaliza shahada maalumu ya chuo cha jamii nafasi katika mfumo wa California State University. Gavana aliyeitia saini alikuwa Arnold Schwarzenegger, ambaye naye aliwahi kukaa madarasani Santa Monica College.

Dhana: Seneta mstaafu akipewa vyuo, wenzake watamlinda.
Hii ndiyo niliyoiamini mwenyewe. Scott alianza kazi Januari 2009, mdororo wa uchumi ukiwa umeshika koo. Wenzake wa zamani wakakata bajeti. Vyuo vikafuta masomo, wanafunzi kwa mamia ya maelfu wakakosa nafasi. Ada ilikuwa dola 20 kwa krediti alipoingia ofisini. Mwaka huo huo ikawa 26, mwaka 2011 ikawa 36. Alipostaafu mwaka 2012 ilikuwa 46.