Kanuni msingi ya Kelsen, na mahakama zilizoitumia kama cheti cha mapinduzi

Kila ninaposahihisha mitihani ya falsafa ya sheria nakutana na sentensi ileile: "Katiba ndiyo Grundnorm ya Tanzania." Mawakili nao huiandika katika hoja zao, na sijawahi kumsikia jaji akimkatiza wakili kwa ajili yake. Ukimaanisha kwamba Katiba ni sheria mama na sheria yoyote inayopingana nayo ni batili, uko sawa kabisa. Ibara ya 64(5) inasema hivyo. Ila Hans Kelsen, mwanasheria aliyetupa neno hilo la Kijerumani lenye maana ya kanuni msingi, alimaanisha kitu kingine, na kitu hicho hakimo ndani ya Katiba yoyote duniani.

Kelsen alizaliwa Prague mwaka 1881, akasoma na kufundisha Vienna, na alikuwa miongoni mwa walioandika Katiba ya Austria ya 1920. Alikaa kwenye mahakama ya katiba ya nchi hiyo hadi 1930. Wanazi walimfukuza kazi ya ualimu Cologne mwaka 1933, akazungukazunguka Ulaya kabla ya kuvukia Marekani, na akafia Berkeley mwaka 1973. Nayataja haya kwa sababu wapo wanaomdhania kuwa mzee wa vitabuni ambaye hakujua serikali inavyoweza kupinduka. Alijua sana.

Swali lake lilikuwa jepesi. Trafiki amekusimamisha Ubungo, anakuandikia faini. Kwa nini ulipe? Kwa sababu Sheria ya Usalama Barabarani, Sura ya 168, imempa mamlaka hayo. Na sheria hiyo nguvu yake imetoka wapi? Ilitungwa na Bunge mwaka 1973. Bunge la 1973 lilipewa kazi hiyo na nani? Hapa wanafunzi wengi hukimbilia Katiba ya 1977, wakisahau kwamba sheria imeitangulia. Bunge la 1973 lilikuwa likifanya kazi chini ya Katiba ya Muda ya 1965. Hiyo nayo ilisimama juu ya Hati za Muungano za 1964 na Katiba ya Jamhuri ya Tanganyika ya 1962. Katiba ya 1962 ilipitishwa na Bunge lililojigeuza kuwa Bunge la Katiba, na Bunge lile lilikuwepo kwa mujibu wa Katiba ya uhuru ya 1961. Na ile ya 1961? Ililetwa kwa amri ya Malkia wa Uingereza akiwa na Baraza lake.

Basi faini ya Ubungo imetoka London? Hakuna Mtanzania anayefikiri hivyo anapolipa. Ndipo Kelsen anaposema: ukipanda ngazi hii, mahali fulani lazima usimame, na unaposimama hukuti sheria nyingine ya kuishikilia ile ya juu. Unakuta dhana tu, kwamba watu wanapaswa kufuata kilichoelekezwa na katiba ya kwanza. Dhana hiyo ndiyo aliyoiita kanuni msingi. Hakuna bunge lililoitunga, hakuna gazeti la serikali lililoitangaza, na wala huwezi kuipeleka mahakamani ikatamkwe kuwa batili. Kila anayezungumza habari ya sheria kama sheria, yaani kama jambo linalompasa mtu na si mabavu ya wenye bunduki, tayari ameikubali hata kama hajawahi kuisikia. Uzeeni Kelsen mwenyewe alifika hadi kuiita kitu cha kubuniwa tu akilini.

Kwa nini alihitaji kitu cha ajabu namna hii? Kwa sababu tukio halizai wajibu. Kwamba watu fulani walikusanyika ukumbini wakanyoosha mikono ni tukio. Kwamba mimi na wewe tunapaswa kutii walichokubaliana ni jambo jingine, na huwezi kulichomoa la pili kutoka kwenye la kwanza bila kuingiza kitu katikati. H. L. A. Hart wa Oxford alijaribu njia nyingine: akasema kanuni ya juu kabisa ni desturi halisi ya majaji na maofisa, unaweza kuichungulia na kuieleza. Binafsi naona Hart anaeleweka upesi zaidi darasani. Hata hivyo mahakama zetu zilipobanwa zilimkimbilia Kelsen, kwa hiyo tubaki naye.

Kiungo kimoja cha nadharia yake ndicho kilicholeta balaa. Kelsen alisema mfumo wa sheria hauwezi kuhesabiwa kuwa unatumika kama kwa jumla hautiiwi. Katiba iliyotupwa na kila mtu haina maana kuijengea dhana. Lakini akaonya: kutiiwa ni sharti la uhalali, siyo sababu ya uhalali. Mtoto haishi bila hewa ya kupumua, lakini hewa siyo iliyomzaa. Ukivichanganya viwili hivi, unapata nadharia isemayo kwamba mwenye nguvu ndiye mwenye sheria, jambo ambalo Kelsen alitumia maisha yake yote kulikataa.

Zanzibar inatupa mfano ulio wazi. Uhuru ulipatikana tarehe 10 Desemba 1963, na katiba ya uhuru ikamweka Sultani Jamshid bin Abdullah kuwa mkuu wa nchi. Tarehe 12 Januari 1964 yakafanyika Mapinduzi. Katiba ile haikuwa na ibara yoyote ya kumruhusu mtu kufanya vile, kwa hiyo ngazi ilikatika. Baraza la Mapinduzi likaanza kutawala kwa dikrii, yaani amri zenye nguvu ya sheria, na mojawapo iliagiza sheria zilizokuwapo ziendelee. Mtu aliyekuwa na kesi ya shamba au mirathi huenda hakuona tofauti: sheria ileile, maneno yaleyale. Kelsen angesema zilikuwa sheria mpya zenye maneno ya zamani, maana kinachozishikilia kimebadilika. Jambo ninalopenda kuwachokoza nalo wanafunzi ni kwamba miezi mitatu baadaye, tarehe 26 Aprili, Tanganyika ambayo ngazi yake ilikuwa haijakatika tangu kwa Malkia iliungana na Zanzibar ambayo ngazi yake ilianzia kwenye Mapinduzi. Ubishi wa kisheria juu ya Muungano, ukiwamo ule wa kama Baraza la Mapinduzi liliridhia Hati za Muungano ipasavyo, una mizizi yake hapo zaidi ya kwenye orodha ya mambo ya Muungano.

Kwa Zanzibar nadharia inaeleza tu. Kwa Uganda iliamua kesi.

Mwezi Februari 1966 Waziri Mkuu Milton Obote alijitwalia madaraka yote na kusimamisha Katiba ya 1962. Tarehe 15 Aprili wabunge wakapitisha katiba mpya ambayo hawakuwa wameisoma. Waliambiwa nakala watazikuta kwenye visanduku vyao vya barua, na Waganda wakaibatiza jina la katiba ya visanduku. Mwezi Mei, Lukiiko, yaani bunge la ufalme wa Buganda, ikaiamuru serikali kuu iondoke katika ardhi ya Buganda. Tarehe 22 Mei Michael Matovu, mkuu wa saza (jimbo la Buganda), akakamatwa. Siku mbili baadaye jeshi likaivamia ikulu ya Kabaka, mfalme wa Buganda, pale Mengo.

Matovu, kupitia wakili Abu Mayanja, aliomba Mahakama Kuu imtoe kizuizini. Ombi lilikuwa la uhuru wa mtu mmoja, lakini kanuni za hali ya hatari zilizomshikilia zilitegemea katiba ya 1966, na katiba ya 1966 ilitegemea nini? Majaji watatu wakiongozwa na Jaji Mkuu Udo Udoma, Mnigeria, wakalishika swali hilo. Mwanasheria Mkuu Godfrey Binaisa akamleta Kelsen mahakamani, pamoja na hukumu ya Pakistan ya 1958 katika kesi ya Dosso iliyokuwa imemtumia Kelsen kubariki utawala wa kijeshi. Akaleta pia hati za viapo za maofisa wa serikali kuthibitisha kwamba idara zinaendeshwa chini ya katiba mpya na amri zinatiiwa.

Mahakama, katika hukumu iliyotoka Februari 1967, ikaweka vigezo vinne: kuwe na badiliko la ghafla la kisiasa, badiliko hilo liwe halikutazamiwa na katiba iliyokuwapo, liwe limeuvunja mfumo wote wa sheria isipokuwa kile kilichobakizwa, na katiba mpya pamoja na serikali yake viwe vinatiiwa. Yote manne yakaonekana yametimia. Katiba ya 1966 ikatangazwa halali, na Matovu hakupata alichoomba.

Tazama ni nini kimefanyika. Kelsen aliandika kwa ajili ya mtu anayesimama pembeni na kutaka kueleza mfumo gani wa sheria uko nchini: mwandishi wa kitabu, mwanadiplomasia, au mwanafunzi wa mwaka wa pili. Jaji hasimami pembeni. Udoma na wenzake walikalia viti vilivyoundwa na Katiba ya 1962 na waliapa kuilinda. Walipoulizwa kama inatiiwa, wao wenyewe walikuwa sehemu ya jibu. Wakisema haitiiwi, inakoma kutiiwa. Hati ya kiapo ya katibu wa wizara inayosema "ofisini kwetu kazi inaendelea" inathibitisha lile sharti la Kelsen, na mahakama ikaipokea kana kwamba ndiyo sababu. Sisemi kwamba majaji wale walikuwa na njia rahisi. Jeshi lilikuwa limeshamwaga damu Mengo. Lakini kama ni hofu au busara ya kuepusha vurugu iliyowaongoza, ingeandikwa hivyo, pasipo kumpachika profesa wa Vienna. Kuna kejeli nyingine kidogo: Binaisa huyo alikuja kuwa Rais wa Uganda mwaka 1979, na mwezi Mei 1980 Tume ya Kijeshi ikamwondoa.

Rhodesia (Zimbabwe ya leo) walipita njia hiyohiyo baada ya Ian Smith kujitangazia uhuru tarehe 11 Novemba 1965. Majaji wa Salisbury, mji mkuu, waliikubali serikali yake hatua kwa hatua, wakati Baraza la Faragha la London, mahakama ya rufaa ya mwisho kwa makoloni, katika kesi ya Madzimbamuto mwaka 1968, lilisema serikali hiyo ni batili kwa kuwa mtawala halali, yaani Uingereza, bado anapigania kurudi. Majaji wawili wa Rhodesia, Fieldsend na Dendy Young, walijiuzulu. Hao ndio waliomwelewa Kelsen vizuri kuliko wote, kwa maoni yangu: nadharia haikulazimishi ubaki kwenye kiti.

Ghana ndiko Kelsen alikofukuzwa mahakamani waziwazi. Nkrumah alipinduliwa tarehe 24 Februari 1966. Wanajeshi waliporudisha utawala wa kiraia, Katiba ya 1969 iliweka kipindi cha mpito ambacho serikali iliweza kuwaondoa watumishi wenye vyeo "vilivyoanzishwa" na utawala wa kijeshi. Mwaka 1970 barua za kuachishwa kazi zikawafikia watu 568, mmoja wao E. K. Sallah, meneja katika shirika la biashara la taifa. Sallah akaenda mahakamani na hoja ambayo mtu yeyote angeielewa: shirika lake lilianzishwa mwaka 1961, wakati wanajeshi bado wako kambini. Mwanasheria Mkuu akajibu kwa Kelsen. Mapinduzi ya 1966 yaliangusha kanuni msingi ya zamani, kwa hiyo kila sheria ya zamani ilizaliwa upya kwa tangazo la wanajeshi, na hivyo cheo cha Sallah kilianzishwa nao. Kwa nadharia tupu, hoja hiyo haina ufa. Ni ileile niliyoieleza kuhusu Zanzibar. Majaji wengi waliikataa. Walitafsiri "kuanzisha" kama mwananchi wa kawaida anavyolielewa, Sallah akashinda, na Waziri Mkuu Busia akakasirika hadharani. Naipenda hukumu hiyo kwa sababu inaonyesha mahali pa nadharia hii. Kelsen anajibu swali la kwa nini sheria kwa jumla inatupasa. Ukimwuliza kama meneja wa duka arudi kazini, umekosea mlango.

Pakistan yenyewe ilirudi nyuma mwaka 1972. Asma Jilani, msichana ambaye dunia ilikuja kumjua kama Asma Jahangir, alipinga kuwekwa kizuizini kwa baba yake, na Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ikaitupa hukumu ya Dosso na kumwita Jenerali Yahya Khan mporaji wa madaraka. Wakati huo Yahya alikuwa ameshaondoka.

Nigusie Kenya, maana huchanganywa sana. Ubishi wa kesi ya BBI, mpango wa kurekebisha Katiba ya Kenya, uliokwisha Mahakama ya Juu tarehe 31 Machi 2022, ulihusu kama kuna sehemu za Katiba ya 2010 ambazo haziwezi kurekebishwa kwa njia za kawaida. Hilo ni suala la muundo wa msingi wa katiba, yaani vitu vilivyo ndani yake. Kanuni msingi iko nje, nyuma ya mlango. Ukiyaandika yote mawili chini ya kichwa kimoja, mtahini atakukata alama, nami nitakuwa mmoja wao.

Waganda hawakuisahau Matovu. Ibara ya 3 ya Katiba yao ya 1995 inakataza mtu yeyote kutwaa serikali kinyume cha Katiba, inawapa raia haki na wajibu wa kumpinga, na kutamka kwamba Katiba haitapoteza nguvu yake hata ikikatizwa kwa mabavu. Ni jibu la moja kwa moja kwa vigezo vinne vya Udoma, hasa cha mwisho: safari hii jaji hawezi kusema kwamba katiba imeondoka na viapo vyake. Ila uliza, kama tulivyouliza kuhusu faini ya Ubungo, ibara hiyo imetoka wapi. Ilipitishwa na Bunge la Katiba lililochaguliwa mwaka 1994. Bunge hilo liliundwa na sheria ya chombo cha kutunga sheria cha NRM, vuguvugu la Yoweri Museveni. Chombo hicho kilipata mamlaka kwa Tangazo la Kisheria Namba 1 la 1986, lililotolewa baada ya wapiganaji kuingia Kampala mwezi Januari mwaka huo, wakati katiba ya 1967, iliyoifuata ile ya 1966, ikiwa bado haijatenguliwa na mtu yeyote mwenye mamlaka ya kuitengua.