Mikumi kwa siku moja: yanayodhaniwa na yaliyo kweli

Kila sikukuu za mwisho wa mwaka zinapokaribia, ndugu na majirani huniuliza kama mtu anaweza kutoka Dar es Salaam alfajiri, akaingia Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, akatembezwa na mwongoza watalii na kurudi kulala kwake usiku uleule. Anaweza, na wengi hufanya hivyo. Hata hivyo nimeona watu walioilipia safari hiyo kwa akiba ya miezi kadhaa wakirudi wamenuna, na mara nyingi kilichowaharibia ni mambo waliyoyaamini kabla hawajapanda gari. Nayaandika hapa kwa sababu inaniuma kumwona Mtanzania akitoka katika hifadhi yake mwenyewe akiapa kutorudi tena.

"Mikumi nimeshaiona, napita pale kila nikienda Mbeya."

Hii ndiyo kauli ninayoisikia zaidi, na ina chanzo chake. Barabara kuu inayotoka Dar es Salaam kwenda Iringa, Mbeya na mpaka wa Zambia hukatiza ndani ya hifadhi kwa takribani kilomita 50, kwa hiyo abiria wa basi huona swala, twiga na nyani, na akibahatika hata tembo, bila kulipa chochote. Mtu aliyekulia Iringa au Njombe huenda amepita hapo mara nyingi tangu utotoni, akipakatwa na mama yake, na ni haki yake kujiona mwenyeji.

Lakini lami hiyo ni uzi mwembamba tu ndani ya eneo la kilomita za mraba 3,230, lililotangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 1964. Basi halisimami, wala halipaswi kusimama, na ngurumo za malori huwafanya wanyama wengi wajiweke mbali na barabara. Moyo wa Mikumi ni uwanda wa mafuriko wa mto Mkata, ulio upande wa kaskazini, mbuga ya nyasi iliyo wazi kiasi kwamba jicho hukimbia hadi kwenye vivuli vya milima. Huko ndiko nyumbu, pundamilia, nyati na pofu hulisha kwa makundi, na kilomita chache tu kutoka langoni kuna bwawa ambamo viboko hulala wamebanana, migongo ikiwa juu ya maji kama mawe yaliyolowa. Jina lenyewe la hifadhi linatokana na mikumi, mitende mirefu ya jamii ya mivumo, ambayo abiria aliyesinzia dirishani hawezi kuitofautisha na miti mingine.

"Tukitoka saa moja asubuhi tutakuwa na siku nzima."

Hapa nitakaa zaidi, kwa kuwa ndipo safari nyingi za siku moja hufia. Kutoka Dar es Salaam hadi lango kuu la Mikumi ni takribani kilomita 280, na anayezitazama namba hizo kwenye ramani hudhani ni mwendo wa saa tatu. Ramani haionyeshi foleni ya Kibaha na Mlandizi, malori yanayopanda polepole, matuta ya kila kijiji, wala nusu saa ya chai pale Chalinze ambayo hugeuka saa nzima kwa sababu mmoja amekwenda kununua mahindi ya kuchoma.

Niliwahi kujiunga na kundi la watu 20 na zaidi kwenye Coaster, lililokusanywa na mwandaaji ambaye sitamtaja. Tulitakiwa kuondoka saa kumi na mbili asubuhi, tukaondoka saa moja na nusu kwa kuwasubiri waliochelewa, na tulifika langoni saa nane kasoro. Jua lilikuwa kali mno. Nyasi zilikuwa kimya, swala wamejibanza chini ya migunga, na mwongozaji wetu, kijana mwungwana, alijitahidi kadiri ya uwezo wake kutuonyesha kile ambacho saa ile ilimruhusu. Watu walilalamika kwamba Mikumi haina wanyama. Wanyama walikuwapo, sisi ndio tuliofika wakati wao wa kulala.

Wanyama wengi wa mbugani hujishughulisha alfajiri na jioni, kukiwa na ubaridi. Simba peke yake anaweza kulala au kujinyoosha kivulini hadi saa 20 kati ya 24. Kwa hiyo thamani ya safari ya siku moja haipimwi kwa urefu wa muda unaokaa ndani ya hifadhi, hupimwa kwa saa unazokuwamo: saa mbili za asubuhi na mapema hushinda saa tano za mchana. Anayetoka Dar es Salaam kwa gari na aondoke saa tisa au saa kumi za usiku, tena akiwa na dereva aliyelala vya kutosha.

Reli ya kisasa, iliyoanza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro mwezi Juni 2024, imebadili hesabu hii, kwani safari hiyo sasa huchukua chini ya saa mbili. Wengi husikia hivyo wakadhani treni huwafikisha hifadhini. Treni hukushusha Morogoro, na kutoka hapo bado una mwendo wa zaidi ya saa moja kwa gari ambalo inabidi uwe umelipanga mapema. Ushauri wangu, ambao huwapa hata wale wasiouomba, ni kupanda treni ya jioni, kulala Morogoro na kuondoka saa kumi na moja alfajiri. Gharama ya chumba kimoja cha kulala wageni inanunua asubuhi nzima ya Mkata.

"Mwongozaji ni dereva tu, tunaweza kumwacha tukapunguza gharama."

Ni kweli kwamba sheria haimlazimishi kila mtu kwenda na kampuni. Unaweza kuingia na gari lako mwenyewe, hasa likiwa la juu, na unaweza kuomba mwongozaji pale hifadhini kwa malipo. Unapolipia kampuni, kitu cha kwanza cha kuulizia ni leseni yake ya biashara ya utalii, ile ambayo wenyewe huiita TALA, na kampuni halali haioni aibu kukuonyesha. Lakini kudhani kwamba kazi ya mwongozaji ni kushika usukani ni kutojua unachokilipia.

Nichukue mfano mmoja. Ilikuwa mwezi wa saba, saa moja na robo asubuhi, na mwongozaji mmoja wa makamo alizima gari mahali ambapo sisi sote tuliona nyasi tupu na swala pala wapatao 12. Mama mmoja nyuma yangu aliuliza kwa upole, "Kaka, hawa si tumeshawaona?" Akajibu, "Shikamoo mama, watazame wanakotazama." Ndipo tulipoona kwamba swala wote walikuwa wameelekeza nyuso upande mmoja, masikio mbele, na hakuna aliyekuwa akila. Dume mmoja alitoa mkoromo mfupi wa puani, kisha mwingine. Dakika tano baadaye, umbali usiozidi upana wa uwanja wa mpira, ncha nyeusi ya mkia iliinuka juu ya nyasi ikashuka. Simba jike alikuwa amelala hapo muda wote huo, na tungempita tukisimulia habari za foleni.

Mwongozaji mzuri pia hukuondolea yale uliyoyabeba kutoka kwenye hadithi. Watu wengi huamini kwamba tumbusi wakizunguka angani pana mzoga chini yao, ilhali mara nyingi huwa wamebebwa tu na hewa ya moto inayopanda. Ishara ya mzoga ni tumbusi wanaoshuka kwa kasi mmoja baada ya mwingine, au waliojaa juu ya mti mmoja. Vilevile huamini kwamba tembo anayepunga masikio amekasirika. Sikio la tembo lina mishipa mingi ya damu karibu na ngozi, na kulipunga ni namna yake ya kujipoza. Tembo wa kuogopwa ni yule aliyeyatandaza masikio, akainua kichwa na kukukabili bila kutikisika, na hapo ndipo utakapojua kwa nini ulimlipa mtu anayefahamu ni wakati gani wa kurudi nyuma taratibu bila kupiga honi.

"Nimelipa kuona simba, lazima nimwone."

Hakuna anayeweza kuuza simba wa hifadhini. Mnyama hana zizi wala ratiba, na kampuni inayoandika katika tangazo lake kwamba simba ni uhakika inakuahidi kitu isichokimiliki. Waongozaji hupeana taarifa kwa redio ya upepo, jambo linaloongeza bahati, lakini bahati hubaki kuwa bahati. Tena si kila mnyama yuko kila hifadhi: anayetaka kumwona faru na aelekee Ngorongoro au Mkomazi, na yale makundi makubwa ya nyumbu wanaohama ni ya Serengeti.

"Hifadhi ni za wageni wenye dola."

Dhana hii hunihuzunisha kuliko zote. Raia wa Tanzania, pamoja na wenzake wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, hulipa kiingilio kwa shilingi, kwa kiwango kilicho chini sana ya kile cha mgeni anayelipa kwa dola. Mtoto aliye chini ya miaka mitano haingii katika hesabu, na gari lenye namba za Tanzania nalo hutozwa kwa shilingi. Gharama kubwa ya safari ni usafiri, ambayo hupungua watu wakigawana gari moja. Beba kitambulisho chako cha taifa, na ujue kwamba malipo hayapokelewi kwa noti mkononi: hufanywa kwa kadi au kwa namba ya malipo unayopewa, ambayo unaweza kuilipia hata kwa simu. Nimeona familia ikikaa langoni dakika 40 za asubuhi yake adimu kwa sababu simu ya baba haikuwa na salio wala chaji.

"Wanyama wa pale wamezoea watu."

Wamezoea magari, na tofauti hiyo ni kubwa. Mnyama hulichukulia gari lililozimwa kama kitu kimoja kisicho na madhara, lakini mtu akitoa mguu nje, au akisimama kwenye paa kwa ajili ya picha, umbo hubadilika na utulivu wa mnyama nao hubadilika. Ndiyo maana kushuka kunaruhusiwa mahali palipotengwa tu, na kutoka nje ya njia kunakatazwa. Mwenye kuhitaji kujisaidia amwambie mwongozaji mapema bila haya, kwa kuwa yeye anajua vyoo viko wapi. Nyani ndio waliotuzoea kupita kiasi, na kosa ni letu: kila ganda la ndizi linalotupwa dirishani huwafundisha kuvamia vyakula vya watu wa kesho. Chakula kikae ndani ya boksi lililofungwa. Mifuko ya plastiki nayo iachwe nyumbani, kwani imepigwa marufuku nchini tangu Juni 2019.

"Vaa mabakamabaka ili wanyama wasikuone."

Kwanza, nguo zinazofanana na sare za jeshi zitakuletea matatizo na vyombo vya dola. Pili, rangi za kuepuka kwa sababu ya maana ni bluu iliyokoza na nyeusi, maana huwavutia mbung'o, ambao wapo katika misitu ya miombo pembezoni mwa uwanda. Mitego ya kuwanasa hutengenezwa kwa vitambaa vya rangi hizohizo. Kaki, kijani kilichofifia au rangi ya udongo zinatosha. Chukua na sweta, kwa kuwa gari lenye paa wazi alfajiri ya Julai lina baridi ambayo mtu wa Dar es Salaam hakuitegemea.

"Wakati wa mvua hakuna cha kuona."

Kiangazi, kuanzia Juni hadi Oktoba, ndicho rahisi zaidi, kwa kuwa nyasi ni fupi na wanyama husogea karibu na maji. Masika ni jambo jingine: udongo mweusi wa Mkata hunata, na baadhi ya njia hazipitiki. Lakini mvua za vuli zikianza mbuga hugeuka kijani, ndege wahamiaji kutoka Ulaya hufika, wakiwa miongoni mwa zaidi ya aina 400 zilizorekodiwa hapo, na msongamano wa magari hupungua. Mwenye darubini na subira asikatishwe tamaa na wingu la Desemba.

"Tukitoka langoni, safari imekwisha."

Magari ya watalii wa siku moja kwa kawaida hayazunguki hifadhini gizani, kwa hiyo jioni kila mmoja huanza kurudi, na watu wengi hapo hufunga macho huku dereva akikimbizana na muda ili kuwahi Dar es Salaam au treni ya Morogoro. Lakini ukishika lami kuelekea Doma, kijiji kilicho upande wa Morogoro, bado uko ndani ya hifadhi, na ndiyo saa ambayo wanyama huvuka barabara kutafuta malisho na maji. Mwendo umewekewa kikomo kando ya barabara hiyo, na anayegonga mnyama hutozwa faini kubwa inayotegemea aina ya mnyama mwenyewe. Mara ya mwisho nilipopita, dereva wetu alipunguza mwendo bila kuambiwa, akawasha taa za tahadhari na kusimama. Lori lililokuwa nyuma yetu nalo likasimama. Tembo jike alitoka kwenye kichaka cha kushoto, akapanda lami, akasita; kisha ndama wake akatokea akiwa amejibana ubavuni mwake, na wote wawili wakavuka mbele ya taa zetu polepole, wakashuka upande wa pili kuelekea gizani.